Msamaha wa Kunong'ona Barafuni

Siku ninayoikumbuka, mwanangu, ilikuwa Ijumaa, baada ya swala, na nyumba ya bibi yangu hapa Chumbageni ilikuwa imejaa watu mpaka uani. Nilikuwa kijana. Nilikaa katikati ya mkeka, taya limefungwa kwa waya kama mlango wa banda la kuku, na jikoni ilinukia pilau ambayo mimi mwenyewe nisingeweza kuionja. Wote wale walikuja kuniombea dua. Wakakaa, wakakaa, na dua ikawa haisomwi, kwa sababu yangu.

Nitakufikisha huko, usinikimbize. Magoti yangu hayakimbizwi tena. Moja ni la Mungu na jingine la chuma, na mvua ikikaribia yote mawili yanasema lugha moja.

Jana ulikuja hapa, Rajabu, ukanipa shikamoo huku uso umeugeuzia ukutani. Ulidhani sitaona nyuzi juu ya jicho. Mimi niliyeshonwa uso mzima, unanificha mimi nyuzi? Ukaniambia mshambuliaji wa wale vijana mliocheza nao kule Moa alikupiga kiwiko, na si kwa bahati mbaya, na kwamba Jumapili mnarudiana nao Mabawa. Ukaniambia pia kwamba moyoni umeshamsamehe. Nikafurahi, maana beki mwenye moyo wa kusamehe ni mali adimu. Kisha ukanionyesha simu, wenzako wanavyoahidiana kwenye kundi lenu kwamba Jumapili yule kijana hatoki uwanjani kwa miguu yake. Nikakuuliza wewe umejibu nini.

"Sijajibu kitu, mjomba. Nimenyamaza tu."

Hapo chai yangu ikaniharibikia mdomoni. Sikukwambia neno kwa sababu nilikuwa nimechoka, na ninalotaka kulisema haliwezi kusemwa na mtu aliyechoka akiwa amesimama. Leo nimekaa. Keti na wewe.

Mtaani wananiita mzee wa barafu. Watoto wadogo wanaamini niliuza barafu za ubuyu, na kuna mmoja aliwahi kunitetea akasema hapana, alifanya kazi kiwanda cha barafu ya samaki. Siwalaumu. Ukimwambia mtu wa Tanga kwamba ulikula miaka yako ya ujana ukicheza juu ya maji yaliyoganda, anakutazama, anakutafutia kiti. Wewe unajua kwa sababu mama yako, dada yangu, alikusimulia. Baba yetu alifariki tukiwa wadogo. Mama akaolewa na Mkanada aliyekuja kutengeneza injini za reli, mtu mpole, akasilimu akaitwa Yusufu, akatuchukua kwao. Huko nikavalishwa viatu vyenye kisu cha chuma chini ya soli, nikapewa gongo la kuchezea hoki ya barafuni, nikasukumwa uwanjani pamoja na watoto waliozaliwa humo kwenye baridi. Nilianguka mwaka mzima. Nilipoacha kuanguka nilikuwa beki.

Wao hawachezi mpira. Wanacheza kisahani cha raba ngumu, na kazi ya beki ni kuuweka mwili wake baina ya kisahani hicho na goli. Ukikizuia kwa gongo ni sawa, ukikizuia kwa mguu ni sawa, ukikizuia kwa mbavu watakupigia makofi zaidi. Na beki wa kule hurudi nyuma kwa kasi, macho mbele, makalio ndiyo yanayoongoza njia. Mama aliponitazama mara ya kwanza alisema amezaa kamba wa baharini. Nililipwa kwa kazi hiyo, si kama wale wakubwa mnaowaona kwenye simu zenu, ila nilikula, nikavaa, na Bibi hakukosa nauli ya kwenda popote. Timu yetu ilikuwa ya daraja la pili, mji wa viwanda vya mbao, watu wagumu, wenye mapenzi na sisi mpaka yanatia hofu.

Sasa kuna jambo katika mchezo ule ambalo halimo kwenye kitabu cha sheria. Mwenzenu akiumizwa, lazima mmoja wenu amwendee aliyeumiza. Wanavua glavu, wanakamatana jezi, wanapigana ngumi juu ya barafu mbele ya mwamuzi, kisha wanafungiwa kwenye kibanda cha adhabu huku watu wanashangilia. Na aghalabu anayetumwa ni beki, kwa kuwa ndiye mkubwa wa mwili. Hasira za mkizi furaha ya mvuvi. Sisi tulikuwa mkizi, na wavuvi walikuwa wamekaa kwenye viti wameshika vikombe vya kahawa.

Mwisho wa msimu mmoja, mchezaji aitwaye Morisi alinipiga gongo la uso. Kisahani kilikuwa kimeshapita, mwamuzi ametazama kwingine. Taya likavunjika mahali pawili, na meno ya chini nikayaacha huko Kanada, sijui hata yalifagiliwa na nani. Waswahili husema asiyesikia la mkuu huvunjika guu. Mimi nilikuwa nasikia vizuri tu, nikavunjika taya.

Nikaja nyumbani kupona. Masika yalikuwa yameanza. Bibi alinipokea pale mlangoni, akanishika kidevu kwa vidole viwili kama anayekagua papai, akasema, "Hawa walokutuma kucheza, wao wana meno?" Akaanza kunilisha kwa mrija: uji wa mchele wa tui, supu ya pweza iliyochujwa, madafu. Nilinenepa nikiwa siwezi kufungua mdomo. Na kila Jumamosi nahodha wetu alipiga simu, mimi nasikiliza, siwezi kujibu ila kwa kuguna. Kila mara alisema neno moja: msimu ukianza, Morisi ni wako, tunakusubiri. Nami nilikuwa nasubiri kwa hamu kuliko wao. Nilikuwa nikilala namwona, nikiamka namwona. Sikutaka kupona nile, nilitaka kupona nipige.

Ndipo Bibi akaitisha dua.

Kwake palikuwa na desturi aliyoirithi kwa mama yake upande wa Mtang'ata. Wengine hawana, na wapo walioiona ni usumbufu. Kabla ubani haujatiwa chetezoni, mgonjwa aliulizwa mbele ya wote kama ana kinyongo na mtu. Kama anacho, akitue kwanza, kisha ndiyo asomewe. La kuvunda halina ubani, alikuwa akisema, na kinyongo ndicho cha kwanza kuvunda.

Basi mwalimu wa chuo cha Kurani ameshakaa, tasbihi mkononi. Majirani wamejipanga ukutani. Bibi akanigeukia.

"Huyo alokuvunja taya, umemsamehe?"

Nikatazama mkeka.

Alijua jibu. Alikuwa akisikia zile simu, Kiingereza hakijui ila miguno yangu aliielewa. Akarudia swali. Nikaendelea kuhesabu maua ya mkeka. Mwalimu akaiweka tasbihi mapajani. Watu wakaanza kukohoa kile kikohozi kisicho na mafua. Mzee mmoja jirani, Mbondei aliyekuwa mtani wetu wa miaka mingi, akasema kwa sauti ya huzuni, "Pilau haina kinyongo na mtu. Yenyewe yafungiwa jikoni kwa kosa gani?" Watu wakacheka. Bibi hakucheka.

"Hailiwi," akasema. "Twangoja."

Tukangoja, mwanangu. Nimekaa kwenye kibanda cha adhabu mara nyingi mno katika maisha yangu, nikizomewa na ukumbi mzima, lakini sijawahi kukaa pahali pagumu kama pale, baina ya majirani zangu wenye njaa na bibi yangu mwenye subira. Mwishowe nikaona heri yaishe. Nikatikisa kichwa kuonyesha ndiyo.

"Kichwa hata mjusi hutikisa," akasema Bibi. "Sema."

Nikamwonyesha waya. Akaniambia anauona, ni yeye anayeusafisha kila asubuhi. Kisha akasogea, akakaa karibu yangu, na sauti yake ikashuka, ingawa watu wote walimsikia.

"Miye sikuulizi kama moyo wako umepoa. Moyo haupozwi kwa amri. Wangu mwenyewe haujapoa, mtu huyo akipita mlangoni hapa n'tammwagia uji wa moto. Nakwambia habari ya hawa. Hawa wote wakupenda. Usipowaambia yamekwisha, kila mmoja ataondoka hapa na kipande cha ugomvi wako, aende nacho kwake, na hujui nani atakitoa, wala wapi, wala kwa nani. Ugomvi ukishaonwa na watu si wako peke yako. Basi na msamaha usiufanye wako peke yako. Sema wasikie."

Nikasema. Kwa meno yaliyofungwa, mate yananitoka kama mtoto mchanga, nikasema nimemsamehe Morisi. Sikuwa nimemsamehe. Lakini nikwambie jambo ambalo mpaka leo sijui kulieleza: nilipolisema mbele yao likaanza kuwa kweli, kidogo kidogo, kama mtoto aliyenunuliwa viatu vikubwa akakua mpaka vikamtosha. Ubani ukatiwa. Dua ikasomwa. Pilau ikaliwa, na mtani wetu alikula ya kwake na ya kwangu.

Nikarudi Kanada. Taya limepona, moyo umetulia. Nilikuwa nimeamua kwa dhati kwamba simgusi Morisi. Na sikumwambia mtu.

Hapo ndipo penye jambo lenyewe, Rajabu. Sikumwambia kocha wala nahodha. Ningewaambia nini? Kwamba bibi yangu amezuia pilau? Niliwaza watanicheka. Nikawaza pia kwamba msamaha ni siri ya moyo, na mtu mzima haendi akitangaza mambo ya moyo wake kwenye chumba cha kubadilishia nguo. Maneno mazuri hayo. Nimeyasikia kwako jana.

Siku ya mechi nahodha akaniuliza, "Uko tayari?" Nikanyamaza. Akanipiga bega, akaondoka anatabasamu. Kimya changu alikijaza yeye kwa maneno aliyoyataka.

Kocha akaniingiza Morisi alipoingia. Ukumbi mzima ukasimama, walikuwa wameisubiri siku ile tangu msimu uliopita. Nikateleza mpaka kwake. Akavua glavu. Nikamkamata jezi shingoni, naye akanikamata, na nikamwona macho yake kwa karibu: yule bwana alikuwa na hofu, pengine hakulala vizuri tangu siku ile. Nikamvuta, nikamwekea mdomo sikioni, nikanong'ona, "Baina yangu na wewe yamekwisha." Akanikodolea macho kama asiyeelewa. Kisha vidole vyake vikalegea. Nikamwachia, nikarudi.

Nilijiona mtu mwema siku hiyo. Nisikufiche, niliona Bibi angefurahi.

Watu wakanizomea. Benchini hakuna aliyenisogelea isipokuwa Kevin. Kevin alikuwa beki mwenzangu, tulicheza wawili wawili, yeye kushoto mimi kulia. Kijana mkimya, mwembamba kwa kazi ile, safarini tulilala chumba kimoja. Alipenda kunisikia nikizungumza na mama kwa simu, akajifunza kusema "pole pole", akawa analisema pasipohusika kabisa, hata akiagiza chakula. Akanisogezea nafasi, akaniuliza, "Vipi?"

Nikamjibu, "Hakuna kitu."

Maneno mawili. Nilikuwa na nafasi ya kumweleza yote, tulikaa pale bega kwa bega, tukinywa maji ya chupa moja. Nikamjibu hakuna kitu.

Zamu yetu iliyofuata aliinuka kabla yangu. Nikamwona anakwenda moja kwa moja kwa Morisi, sikuelewa, nikadhani anafuata kisahani. Akamkamata. Morisi akawa anamwambia kitu, anainua mikono kumkatalia, nadhani alikuwa akijaribu kumweleza nilichomnong'oneza. Lakini Kevin ameshaanza kupiga, na mtu akipigwa hujitetea. Wakaserereka, wakazunguka, kofia ngumu ya Kevin ikamtoka, wakaanguka wote wawili, yeye chini. Kichwa kikapiga barafu. Mimi nikajua kabla sijafika.

Hakufa, Mungu alimbakiza. Ila hakucheza tena. Siku ile hospitalini nilikaa kwenye kiti cha kungojea, na aliyekaa kiti cha pili alikuwa Morisi, bado amevaa jezi, analia. Tulikaa hivyo, watu wawili tusio na ugomvi wowote, tukingoja habari za kijana aliyeumia kwa ugomvi wetu.

Baada ya muda nikaenda kumtazama kwao. Mama yake akanifungulia. Chumba kilikuwa giza mchana, mapazia yamefungwa kwa sababu mwanga ulimuumiza kichwa. Alinijua. Alisahau vitu vingi lakini mimi alinijua, akasema "pole pole", akacheka kidogo. Nikamuuliza swali nililokwenda nalo: kwa nini alimwendea yule mtu?

Akasema, "Nilidhani umeogopa. Nikaona nikubebee."

Nikamweleza basi, hapo, habari ya Ijumaa ile, mkeka, waya, mjusi, yote. Akasikiliza mpaka mwisho. Mama yake alikuwa amesimama mlangoni na trei ya chai. Yeye ndiye aliyesema, bila ukali, sauti ya mtu aliyechoka kama ninavyochoka mimi leo: "Na haya ungemwambia benchini, ingekuchukua muda gani?"

Mwanangu, watu wameniuliza mara nyingi kama najuta kutompiga Morisi, maana mwisho wa msimu hawakunipa mkataba mwingine. Nikashuka daraja, nikacheza miji midogo, asubuhi nabeba mizigo ghalani, jioni navaa viatu vya chuma, mpaka goti likakataa nikarudi nyumbani. Hilo halinichoshi. Beki anajua tangu mwanzo kwamba atasahauliwa, wanaokumbukwa ni wafungaji. Ningerudi leo ningemwachia tena yule bwana. Kinachonichosha ni swali la yule mama. Nimeishi nalo hapa Chumbageni, nimekunywa nalo chai, na halina jibu jingine ila lile lile: muda mfupi sana.

Mchuma janga hula na wa kwao. Hilo unalijua, lipo mpaka kwenye kanga. Mimi nakuongezea kwamba hata aliyeacha kulichuma, asiposema, wa kwao wataenda kumchumia. Wenzako wanakupenda. Watu wabaya hawawezi kukufanyia lile ambalo wenye kukupenda watakufanyia Jumapili wakidhani ndilo unalolitaka. Mmoja wao, sijui ni nani, pengine yule mpole kuliko wote, ameshajipangia kukubebea. Na kijana yule wa Moa ana mama yake vilevile.

Basi nasaha yangu ni nyepesi kuibeba. Ukisamehe, usisamehe kwa kichwa wala kwa moyo peke yake. Samehe kwa mdomo, mbele ya wale waliouona ugomvi. Usiwaandikie, maandishi kila mtu huyasoma kwa sauti yake mwenyewe. Nenda mazoezini leo, usingoje Jumapili. Simama mbele yao kabla hawajavaa viatu, uwaambie: huyu nimemsamehe, na atakayemgusa kwa ajili yangu hanitakii mema. Watakucheka. Waache wacheke. Kama moyo haujapoa, sema hivyohivyo, utapoa njiani. Na usikae chini mpaka umemtazama kila mmoja usoni, hasa yule asiyezungumza.

Haya, inuka uende, umri wangu huu hauna mazungumzo mengine marefu. Mungu akuponye jicho lako na akupe ulimi usiochelewa kwenye jambo la heri. Akulinde na maadui, na akulinde na mapenzi ya marafiki pale yanapokosa habari. Akupe umri, na siku utakapolala kwa amani, pasiwe na mtu pahali popote aliyelala gizani kwa kukubebea wewe. Amina, mwanangu. Nenda, watakuwa wameshaanza kukusanyika.